Kitufe cha Mji Usio na Jina

Vijana wa karakana ya sauti mmeniomba niwaachie maneno machache kabla sijasahau nilichokuwa nakifanya pale. Kazi yenyewe mnaijua: kukaa kwenye chumba kisicho na dirisha, kuvaa hedifoni, na kuwaambia wasomi wenye vyeo warudie sentensi kwa sababu matumbo yao yamenguruma. Sitawachosha na hayo. Nitawaandikia habari ya kitufe cha mwisho kwenye ramani ya Bara Hindi, kile ambacho walinzi hawapendi kukibonyeza na ambacho ninyi mmekuwa mkinitania nacho miaka yote hii. Mlitaka kujua kwa nini sikuwahi kucheka.

Nilifika Brussels mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili, mwanamke mzima mwenye magoti yanayouma, baada ya kufanya kazi muda mrefu kwenye redio ya Lubumbashi. Jumba letu la makumbusho lilikuwa linatafuta fundi wa sauti. Siku ya kwanza nilimkuta karakanani Mbelgiji mnene mwenye ndevu nyeupe, sweta lake limetoboka kiwikoni. Nikamsalimu kwa Kifaransa changu cha Jumapili. Akaniuliza natoka wapi, nikamwambia.

"Ah, E'ville," akasema. "Donc weye uko muntu wa kwetu. Ikala, maman. Kahawa iko pale. Iko mubaya, lakini iko moto."

Huyo ndiye Maurice, mkuu wangu na mwalimu wangu. Alizaliwa Katanga, mtoto wa mtu wa reli, na ufundi wa sauti alijifunzia redioni kule kule wakati mji wetu ungali unaitwa Elisabethville kwa heshima ya malkia wao. Baadaye ukawa Lubumbashi, jina la mto uliokuwapo pale kabla malkia yeyote hajatiwa kwenye ramani. Maurice hakulitamka jina jipya hata mara moja mbele yangu, nami la zamani sikulitamka. Tuliishi hivyo, kila mmoja akiuelewa mji wa mwenzake, na hatukugombana. Brussels humzoesha mtu mambo hayo. Kituo changu cha tramu pale Laeken kina majina mawili, la Kifaransa na la Kiflemi, na tramu husimama mara moja tu.

Kazi yetu ya kwanza pamoja ilikuwa ramani hiyo. Mnaifahamu: meza kubwa ya plasta, milima imeinuka, mito imepakwa buluu, na kwenye kila mji wa kale kuna taa ndogo. Mgeni akibonyeza kitufe, taa inawaka na sauti inataja jina la mji. Aliyeiandaa alikuwa ametumia majina ya Wagiriki, wale mabalozi na wafanyabiashara wa zamani waliofika kule, wakasikia majina ya wenyeji, wakayapeleka kwao jinsi masikio yao yalivyoweza kuyabeba. Kwa hiyo Palibothra, Ozene, Barygaza, Taxila, Muziris. Mtangazaji wa kukodi hakupatikana, basi Maurice akayasoma mwenyewe kwa ile sauti yake nzito ya redio ya zamani. Mji wa mwisho aliousoma ulikuwa Mohenjo-daro, ulio mkongwe kuliko yote.

Sasa sikilizeni, maana ninyi wa kompyuta hulidharau jambo hili. Msemaji akishamaliza, unarekodi chumba chenyewe, dakika nzima, bila mtu kusema. Kila chumba kina ukimya wake. Ukija baadaye kukata maneno na kuyaunga, ule ukimya ndio unaoziba mapengo, la sivyo msikilizaji atahisi mashimo. Maurice alikuwa na desturi yake: anainua kidole kimoja juu, na tangu hapo hakuna kujikuna wala kumeza mate kwa kelele. Hakuna kutikisika mpaka aseme mwenyewe, "C'est bon, inaisha." Ndivyo tunavyosema kwetu Katanga, yaani imekwisha. Siku ile ya kwanza nilikuwa na mafua. Nilikibana kikohozi mpaka machozi yakanitoka, na yeye ananitazama tu, kidole juu, kama padri anayeinua hostia.

Alipotufungulia, nilikohoa mpaka nikaegemea ukuta. Nikamuuliza kwa nini lazima atamke yale maneno, si angezima mashine tu?

"Hapana, maman. Siku moja kule E'ville nilirekodi muntu wa gitaa," akasema. "Ninainua kidole, ninapata silence yangu, ninazima mashine, ninaenda kula. Nilisahau kumuambia. Bon, nilirudi, nikamukuta vilevile, gitaa juu ya magoti, macho wazi. Kahawa yake ilisha kuwa baridi. Ninamuambia inaisha, njo anapumua." Akaanza kukunja nyaya. "Muntu asipoambiwa, anabakia mule ndani."

Mimi nilicheka, nikidhani ni zile hadithi ambazo wakuu huwapa wageni. Yeye hakucheka.

Miaka tuliyofanya kazi pamoja naikumbuka kwa vyombo kuliko kwa tarehe: wembe wa kukatia utepe, kalamu ya nta ya kuwekea alama, kisanduku cha biskuti alichohifadhia vipande vya ukimya, kila kipande kimeandikwa jina la chumba. Vitu vya kompyuta vilipoingia, wakubwa walituamuru kusafisha makabati. Maurice akakitia kile kisanduku kwenye mkoba wangu na kunifungia zipu. Muda si mrefu akastaafu, tukamnunulia keki, akahamia na mkewe kwenye fleti ndogo mtaa wa Ganshoren.

Mkewe ni Maman Godelieve, naye aliishi Katanga ujanani na Kiswahili chake ni kizuri kuliko cha mumewe. Ndiye aliyenipigia simu miaka michache baadaye. Maurice alikuwa ameanza kusahau. Kwanza funguo, halafu njia ya kanisani, halafu maneno yenyewe. Akawa haongei kabisa, kutwa nzima amekaa dirishani. Siku moja mkewe akamleta kwenye jumba letu la makumbusho, bila sababu, ili tu atoke nje. Mzee akaenda moja kwa moja kwenye ramani, akabonyeza kitufe. Taa ikawaka, na sauti yake mwenyewe ya zamani ikasema, "Palibothra."

"Eh," Maurice akasema. "Huyu anasema muzuri."

Lilikuwa neno lake la kwanza baada ya wiki nyingi. Akabonyeza vyote, akimsifu yule msemaji, na walipotoka alimshika mkewe mkono akamwita kwa jina lake. Waliongea ndani ya tramu mpaka nyumbani. Kesho yake akawa jiwe tena. Tangu siku hiyo Maman Godelieve alimleta kila Jumatano alasiri, na mimi nilipanda juu kuwasalimu. Niliwahi kumwekea sauti ile kwenye sidii, wasikilize kwao wasipate taabu ya safari. Haikusaidia. Maurice alisikiliza kidogo, akamnong'oneza mkewe kwamba kuna mwanamume sebuleni na amtoe. Bila meza, bila taa na kitufe, ile sauti ilikuwa ya mtu baki.

Hapo ndipo alipofika Madame Sarala. Alikuwa mtaalamu aliyekodiwa kuisahihisha sehemu yote ya Bara Hindi, mwanamke mwembamba wa makamo, mzaliwa wa Patna. Na Patna, kwa ninyi msiojua, imesimama palepale ambapo ramani yetu ilipaita Palibothra. Alinifuata karakanani akiwa amevaa koti lililolowa mvua, akakaa bila kukaribishwa.

"Nimebonyeza mji wangu," akaniambia kwa Kifaransa chake cha polepole, "na mzee mmoja wa Kibelgiji akanipa jina ambalo bibi yangu hakuwahi kulisikia."

Alitaka kila mji utajwe kama wenyeji wake walivyouita. Pataliputra badala ya Palibothra. Ujjayini, Bharukaccha, Takshashila, Muchiri. Majina ya Wagiriki yabaki kwenye vibandiko, kwa maandishi madogo. Nikamtania kwamba hata wao wenyewe Pataliputra walishaiacha, sasa wanasema Patna. Akatabasamu. "Ndiyo, lakini hilo tumelibadilisha sisi wenyewe." Mimi ni mtu wa Lubumbashi, ningemjibu nini?

Hata hivyo nilimweleza habari za Maurice na Jumatano zake. Alinisikiliza mpaka mwisho, na niliona wazi kwamba imemgusa. Akaomba akutane na Maman Godelieve. Walikaa kwenye kantini yetu, wazee wawili upande mmoja na Madame Sarala upande wa pili, Maurice akitazama kijiko.

"Mniachie sauti yake, madame," Maman Godelieve akasema. "Si juu ya ile miji. Ile miji sijui hata kwenye iko. Ni juu yangu mimi. Jumatano njo siku moja tu ananiita jina."

Nilitafsiri. Madame Sarala akasema anasikitika, na kwamba angekuwa yeye angeomba vivyo hivyo, lakini watoto wanaokuja pale kila wiki, wengine wa kwao, hawawezi kuendelea kufundishwa mji wao na masikio ya mgeni. Maman Godelieve akaitikia kwa kichwa na kuanza kumfunga Maurice vifungo vya koti. Mimi nilikuwa upande wa Madame Sarala, na niliona uchungu kuwa upande wake. Yote mawili yalikuwa kweli.

Tukarekodi. Madame Sarala alisoma mwenyewe, kwa sauti kavu nzuri, nami nikafuta maneno ya Maurice moja baada ya jingine. Mpaka tulipofika kwenye Mohenjo-daro.

"Hapa siwezi," akasema. "Hili si jina lao, wala si la Wagiriki. Wanakijiji wa baadaye sana walikuta pale kichuguu kikubwa wakakiita kilima cha wafu. Waliojenga mji ule wameacha mihuri yenye maandishi, na hakuna mtu duniani anayeweza kuyasoma. Walijiita nani, waliuitaje mji wao, hatujui. Nami sitamwita mtu kwa jina la kaburi lake."

"Basi kitufe kiseme nini?"

"Kinyamaze."

Nikaweka ukimya wa kompyuta, yaani utupu mtupu, sifuri. Wageni wakabonyeza, taa ikawaka, hawakusikia kitu, wakabonyeza tena kwa hasira. Mlinzi akabandika karatasi kwamba kitufe kimeharibika, kwa lugha mbili. Nikamweleza Madame Sarala kuwa ukimya wa sifuri si ukimya, ni mashine iliyozimwa. Ukimya wa kweli una chumba ndani yake, una watu waliotulia. Akaelewa papo hapo. Akasema niweke huo, ila ndani yake pasiwe na neno lolote la lugha yoyote.

Nilifungua kile kisanduku cha biskuti. Kipande nilichokichagua ni kile cha siku yangu ya kwanza, kilichorekodiwa mara tu Maurice alipotamka mji huohuo. Mwishoni sauti yake inasema "C'est bon, inaisha." Hayo ni maneno, na nilikuwa nimeambiwa pasiwe na maneno. Nikayakata.

Jumatano iliyofuata nilikaa karakanani, sikuwa na uso wa kupanda juu. Baadaye nilisimuliwa. Maurice alibonyeza kitufe cha kwanza, sauti ya mwanamke ikasema "Pataliputra," akageuka nyuma kutazama nani ameingia. Akabonyeza cha pili na cha tatu. Akazidi kujikunyata, na Maman Godelieve akawa analia kimya huku akimvuta waondoke. Alipokuwa anavutwa, akafikia kitufe cha mwisho. Taa ikawaka. Maurice akasikiliza, akanyooka, akainua kidole.

Mlinzi aliniambia kwamba chumba kizima kilitulia. Palikuwa na darasa la wanafunzi, hata wao. Dakika ikaisha, taa ikazima, wanafunzi wakaenda zao. Kidole bado kiko juu. Mkewe akamvuta, akamsihi, akamshika shavu. Mzee hakupepesa jicho. Kifua chake kilikuwa hakionekani kupanda wala kushuka. Ndipo mlinzi akakimbia kuniita.

Niliingia nikamwona, na ule mkao niliujua. Nilikuwa nimekaa hivyohivyo mbele yake nikibana kikohozi. Nikamsogelea, nikasema polepole, "C'est bon, patron. Inaisha."

Akashusha kidole. Akavuta pumzi ndefu, akamtazama mkewe.

"Godelieve, unalia nini? Tuende, tramu itatuacha."

Tangu siku hiyo ikawa hivyo. Kila Jumatano walikuja, akapita majina yote bila kuyajali, akabonyeza cha mwisho, akainua kidole, nami nikasimama nyuma yake kungoja taa izime ili nimfungulie. Kila mara alirudi na jina la mkewe mdomoni. Maman Godelieve akawa na Jumatano zake. Madame Sarala alikuja kutazama mara moja, akasimama mlangoni mikono kifuani, kisha akaondoka.

Lakini watu wengine nao walikuwa wanabonyeza. Mtoto mmoja wa kike alimuuliza mwalimu wake mle ndani wamefichwa akina nani, kwa sababu kuna mwanamume na mwanamke. Mama mmoja alibonyeza akabaki amesimama mpaka mlinzi alipomgusa bega, akasema alikuwa anangoja, hajui anangoja nini. Mlinzi wetu mmoja wa Likasi kule kwetu Katanga, kijana mwenye mabega mapana asiyeogopa mlevi wala mwizi, aliomba kuhamishwa chumba. "Maman Odile," aliniambia, "mule kuna batu. Banakusikiliza." Nikamwambia ni utepe tu. Akaniuliza, kama ni utepe tu, mbona ninapandaga kila Jumatano kuuambia inaisha.

Maurice akazidi kudhoofika, wakamhamishia kwenye nyumba ya wazee palepale Ganshoren, na Jumatano zikakoma. Majira ya baridi, adhuhuri moja, simu ikalia karakanani.

"Odile, kuya," Maman Godelieve akasema. "Ameinua kidole."

Nilipanda basi nikiwa na hedifoni bado shingoni. Nilimkuta kitandani, macho wazi, mkono umesimama juu ya blanketi. Tangu asubuhi, waliniambia. Wauguzi walijaribu kuushusha ukakataa, daktari alikuja akasikiliza kifua, akasema anapumua lakini kidogo mno, na haelewi ni nini kinachomshikilia. Chumba kilikuwa kimya kwa namna ambayo nilikuwa naifahamu vizuri sana.

Nikasimama pale nikashindwa kusema. Jumatano zote nilizomfungulia, alikuwa anarudi kwetu. Safari hii niliogopa anaelekea kwingine, na mimi ndiye ninayeshika mlango. Nikamtazama Maman Godelieve. Yeye aliyetuomba tumwachie sauti ya mumewe alikuwa amekaa ukingoni mwa kitanda, amevaa vizuri, nywele amezichana.

"Sema, Odile," akaniambia. "Amechoka kungoja."

Nikasema, "C'est bon, patron. Inaisha."

Mkono ukashuka taratibu mpaka kwenye blanketi, ndani ya mkono wa mkewe. Akasema, "Godelieve," wazi kabisa, kwa ile sauti ya redio. Akatoa pumzi. Tukangoja avute nyingine.

Hayo ndiyo mliyokuwa mnayacheka. Nimefanya kazi nyingine nyingi baada ya hapo, na baadhi zilikuwa nzuri, lakini hazihitaji kuandikwa. Siku yangu ya mwisho, mlipokuwa mnakata keki, mlidhani nimeenda kuaga walinzi. Nilikwenda kwenye ramani. Nilikuwa sijawahi kukibonyeza kitufe kile kwa mkono wangu. Taa ikawaka, nikasikia pumzi nzito ya Maurice, kiti chake kikilalamika, na karibu naye pumzi nyingine, fupifupi, ya mtu anayebana kikohozi. Ni mimi, siku yangu ya kwanza. Tumekaa mle ndani sote wawili, na neno la kutufungulia nililikata mwenyewe. Yeye nilimfuata Ganshoren nikamwambia. Mwingine bado.

Nikawafikiria na wale wa kilima cha wafu. Huenda si jina tu lililopotea. Huenda wao pia walitulia siku moja, wakangoja, na hakubaki mtu anayejua lugha ya kuwaambia.

Taa ilipozima nilikuta kidole changu kiko juu. Nilisema mwenyewe, kwa sauti, "C'est bon, inaisha." Kujisemea hakufai. Nilisimama pale mpaka mmoja wenu alipokuja kuniita kwamba keki inaisha, na nikacheka, na mkono ukashuka.

Kwa hiyo nawaomba jambo moja. Nakaa Laeken, anwani yangu mnayo. Mkipigiwa simu siku moja mkaambiwa Maman Odile ameinua kidole, mmoja wenu aache kazi aje. Aseme kwa Kifaransa, kwa Kiflemi, kwa lugha yoyote aliyo nayo. Nitaelewa.